Wodi ya Waliopona

Mama yake alikuwa na namna moja tu ya kumtambulisha kwa wageni. "Huyu ni binti yangu wa pili," alikuwa akisema, "yule anayewaliza watu kwenye televisheni." Halafu anacheka peke yake, na mgeni anabaki hajui kama apongeze au atoe pole.

Kazini aliitwa Kwanini. Jina hilo alilipata ujanani, alipokuwa akipiga taipu matangazo ya vifo kwenye redio, kwa sababu hakuweza kuandika "amefariki ghafla" bila kumpigia simu aliyeleta tangazo na kumuuliza ghafla vipi. Mhariri wake alivumilia miezi minne, kisha akamsukumia kitengo cha filamu za makala, akisema afadhali akawachoshe watu wa mbali. Huko alikaa miaka ishirini na miwili. Alitengeneza filamu kuhusu akina mama wanaolea watoto gerezani, kuhusu wanaume wanaopigwa na wake zao, kuhusu watu waliomaliza shule bila kujua kusoma na wakaficha hadi wakapata wajukuu. Watu walipomwona akishuka garini na daftari lake kwapani, walijua hapa pana jambo ambalo halijasemwa.

Mwenyewe hakuwa mtu wa huzuni hata kidogo. Alikuwa na kicheko kikubwa kilichoharibu rekodi nyingi za sauti, mpaka mpiga picha wake, kijana mrefu aliyeitwa Mnara, akazoea kumwambia, "Bosi, likija la kuchekesha, uma kitambaa."

"Mada gani safari hii?" mkuu wa vipindi alimuuliza asubuhi moja, akiwa ameshajishika shavu kabla ya kusikia jibu.

"Hospitali ya magonjwa ya akili."

"Ah, Kwanini!"

"Subiri basi. Sio wagonjwa. Waliopona."

"Waliopona wana shida gani tena?"

"Hawana pa kwenda. Wana wodi yao kabisa, watu thelathini na wanne. Madaktari wamewaruhusu, ila hakuna ndugu anayekuja kuwachukua. Kuna mmoja ana miaka tisa anasubiri."

Mkuu akaondoa mkono shavuni. "Miaka tisa, na ni mzima?"

"Mzima kama wewe. Labda kukuzidi."

Akapewa wiki sita za kazi na nafasi ya Jumapili moja alasiri.

Kikwazo cha kwanza kilikuwa karatasi. Daktari mkuu wa hospitali, bwana mpole mwenye kalamu tatu mfukoni, aliwapokea vizuri, akawakalisha, kisha akatoa fomu mezani. Hakuna mkazi wa wodi atakayepigwa picha, alisema, bila fomu hiyo kusainiwa na ndugu yake wa karibu.

"Lakini daktari," Kwanini alisema, "hawa si ndio wale ambao ndugu zao hawaji?"

"Ndio hao."

"Sasa nitampata wapi wa kusaini?"

Daktari akajikuna kichwa. Fomu ilikuwa imeandikwa zamani, kwa ajili ya watu waliokuwa wagonjwa kweli wakati huo, na tangu hapo hakuna aliyeiuliza maswali. Wakati anatafuta neno la kusema, mlango ukagongwa, akaingia mtu wa miaka hamsini na kitu, mnene kidogo, futi ya kupimia ikimning'inia shingoni. Alikuwa amebeba koti jeupe la daktari begani.

"Nimelirudishia vifungo," alisema. "Na kwapa nimelipanua. Daktari, ama upunguze kula au uniambie mapema." Kisha akawaona wageni. "Hawa ndio wa televisheni?"

Huyo alikuwa Fundi. Alipoelezwa habari ya fomu, alicheka hadi akajishika mbavu.

"Dada yangu," alimwambia Kwanini, "mimi ningekuwa na ndugu wa kunisainia, saa hizi ningekuwa nyumbani nakutazama wewe kwenye televisheni." Akatia mkono mfuko wa shati, akatoa karatasi iliyotiwa plastiki ili isichakae, akaiweka juu ya ile fomu. "Soma hapo. Imesainiwa na nani?"

Daktari hakuhitaji kusoma. Ilikuwa saini yake mwenyewe, ya miaka tisa nyuma.

"Inasema mimi nina akili timamu," Fundi aliendelea. "Haya, dada, wewe unayo yako? Na huyu mrefu? Daktari, na wewe tuonyeshe. Humu ndani mwenye cheti ni mimi peke yangu, na ndimi nisiyeruhusiwa kusaini."

Kwanini alisahau kuuma kitambaa. Kicheko chake kilisikika hadi dirisha la dawa. Daktari alijaribu kukaza uso, ukamshinda, naye akacheka, na aliponyamaza alikuwa ameshika kalamu mojawapo. Akalikata neno "ndugu" kwenye fomu, akaandika juu yake "mwenyewe."

Kazi ikaanza. Wodi ilikuwa chumba kirefu chenye vitanda safu mbili, mashuka ya kijani yamekunjwa vizuri, na mwishoni kabisa, chini ya dirisha, cherehani ya Fundi. Mashuka yote ya hospitali yalipita mikononi mwake, na foronya, na sare za wauguzi. Aliwafundisha wenzake wanne kushona. Mmoja wao, aliyekuwa mwanajeshi zamani, alikuwa akikanyaga cherehani kama anapiga gwaride, na kila akikosea mstari Fundi alimwambia, "Afande, adui ameshatoroka, punguza mwendo."

Siku ya pili Mnara alimwomba Fundi aketi dirishani.

"Dirishani kuna nini?"

"Hakuna kitu, mzee. Tazama nje tu, kama mtu mwenye mawazo."

"Mimi nikiwa na mawazo natazama vidole vyangu, la sivyo sindano itanitoboa. Mtu mzima atazame kwenye maegesho ya magari anatafuta nini?"

Mnara akamgeukia bosi wake kutafuta msaada. Kwanini alikuwa amesimama anahesabu. Wale akina mama wa gerezani aliwakalisha dirishani. Wale wanaume waliopigwa, dirishani. Hata yule bibi asiyejua kusoma, ambaye nyumba yake haikuwa na dirisha upande wenye mwanga, alimtolea kiti hadi kwa jirani ili apate dirisha. Miaka ishirini na miwili alikuwa akiwaambia watu wenye shughuli zao waketi wahuzunike kwa ajili ya mtazamaji.

"Acha dirisha," alimwambia Mnara. "Mpige picha akishona. Na kicheko chake usikikate."

Kuanzia siku hiyo filamu ikabadilika. Walimpiga picha Fundi akimgombeza muuguzi kwa kupoteza kifungo kilekile mara tatu. Walimpiga picha mwanamke aliyekuwa karani, akiwasomea wenzake magazeti kwa sauti na kuyajibu matangazo ya kazi aliyojua hatapata, kwa sababu anwani yake ilikuwa ya hospitali ile. Alikuwa akiandika barua nzuri sana. Kwanini alijikuta anafika wodini mapema kuliko ilivyohitajika, na kuondoka shingo upande.

Wiki ya tatu mvua ilinyesha mchana kutwa. Wengi walikuwa wamelala. Mnara aliacha kamera juu ya kigoda chake, inafanya kazi, na Kwanini akauliza lile swali alilokuwa akilizungukazunguka.

"Fundi, kwa nini hawaji kukuchukua?"

Aliendelea kukanyaga cherehani kidogo, kisha mguu ukasimama.

"Nina dada," alisema. "Mdogo wangu, mmoja tu, wazazi walishaondoka. Alipotaka kuolewa nilimwambia gauni nitashona mwenyewe. Nililishona miezi mitatu. Dada, sijisifu, lakini gauni lile lilikuwa gauni. Sasa wakati huo kichwa changu kilikuwa kimeanza. Silali. Nasikia mambo. Asubuhi ya harusi nikasikia nyigu wananguruma ndani ya bitana. Wengi, wakubwa, na yeye anakuja kuvaa saa nne. Nikachukua mkasi." Akatazama vidole vyake. "Alipoingia na mashoga zake akakuta vipande arobaini na moja sakafuni. Nilivihesabu. Nilikuwa natafuta nyigu wa mwisho."

Mvua ilipiga bati.

"Aliolewa na gauni la kuazima. Mimi nikaletwa hapa. Nilipopata nafuu nikamwandikia barua, miaka miwili hivi, kila mwezi karibu. Hakujibu. Nikaona nisimsumbue." Akainua kichwa. "Hii usiiweke."

"Sitaiweka."

"Ila ukimpata, mwonyeshe yeye peke yake. Akisema iwekwe, iwekwe. Harusi ilikuwa yake."

Siku hiyo garini Mnara hakuweza kunyamaza. "Bosi, bila hicho kipande hatuna filamu. Tuna watu wanashona mashuka."

"Tuna watu wanashona mashuka, basi."

"Lakini watu watalia!"

"Mnara, nikusimulie jambo." Akamweleza kuhusu filamu yake ya kwanza kabisa, ya wasichana wa kazi za ndani. Msichana mmoja alimwomba aondoe sentensi moja kuhusu baba yake. Ilikuwa sentensi nzuri mno. Kwanini aliiacha ibaki, na filamu ikasifiwa sana, na baada ya wiki mbili msichana akahama mtaa bila kuaga mtu. "Nilimtafuta miezi. Sikumpata mpaka leo. Tangu hapo mtu akiniambia usiweke, siweki, hata kama ameniambia Mungu yuko chumba cha pili."

Mnara akakuna shavu. "Haya. Basi tumtafute huyo dada."

Haikuwa ngumu kama walivyodhani. Fundi alikumbuka shule aliyokuwa akifundisha dada yake, shule ikawaelekeza kwenye shule nyingine, na huko Kwanini akajikuta mbele ya mlango ulioandikwa Mwalimu Mkuu. Ndani aliketi mwanamke mwembamba mwenye miwani, anasahihisha ratiba kwa kalamu nyekundu.

"Wa televisheni?" alisema bila kuinua macho. "Kama ni habari ya choo cha wavulana, fundi bomba anakuja kesho."

"Hapana, mwalimu. Ni habari ya kaka yako."

Kalamu nyekundu ikasimama palepale ilipokuwa, na wino ukaanza kutanuka juu ya ratiba. Aliinuka akafunga mlango, akarudi kuketi. Kwanini akafungua kompyuta ndogo, akamwonyesha kile kipande tu, mwanzo hadi mwisho, kisha akageuza uso ili asimtazame.

"Nyigu," mwalimu alisema hatimaye. Akavua miwani. "Nyigu! Miaka yote hii najua alinikatia gauni kwa sababu alimchukia mume wangu."

"Hakukuambia mtu?"

"Nani angeniambia? Kila mtu alikuwa ananihurumia. Mjomba akasema suala limeisha, tusilizungumze." Akavuta droo ya chini kabisa ya meza. Ndani, chini ya daftari za mahudhurio, kulikuwa na bahasha zimefungwa kwa kamba. "Hizi hapa. Zilinifikia zote. Sijafungua hata moja. Mwalimu mkuu mzima, walimu kumi na wanane wananiogopa, na bahasha imenishinda." Akazitazama. "Sitakudanganya, dada. Si kwamba sikujua alipo. Nilijua. Basi ninalopanda kwenda kwa mama mkwe linapita getini pale. Likifika pale mimi huwa natafuta kitu kwenye mkoba."

Walikwenda Ijumaa, baada ya shule. Mwalimu alikuwa na sharti moja: kamera isiingie. Mnara aliposikia hivyo alifumba macho kama mtu aliyeumwa jino, lakini akaifunga kamera kwenye begi na kubaki nje, anazunguka gari.

Fundi alikuwa amewapa mgongo, anashona. Kwanini alimtangulia mwalimu hadi katikati ya chumba, kisha akarudi nyuma, akasimama kwenye korido ambako angeweza kusikia.

"Fundi," sista wa wodi aliita, "una mgeni."

"Ngoja nimalize mshono." Akaumaliza, akakata uzi kwa meno, akageuka. Wakatazamana. Yule afande alitoa mguu kwenye cherehani.

"Umezeeka," Fundi alisema.

"Na wewe umeota kitambi."

"Ni chakula cha hapa. Wali ni mwingi, mboga ni hadithi."

Mwalimu akasogea hatua mbili, mkoba ameukumbatia kifuani. "Kaka, walikuwa wakubwa kiasi gani?"

"Nani?"

"Hao nyigu."

Fundi akaonyesha kwa kidole, kisha akaona ni aibu, akashusha mkono. "Ulikuwa uvae saa nne," alisema. "Nilitaka niwatoe kabla hujafika."

"Kwa hiyo ulikuwa unaniokoa."

"Ndivyo nilivyodhani, mdogo wangu. Nisamehe."

Mwalimu alijitupa kitandani kwa mwanajeshi na kulia kwa sauti ambayo hakuna mwanafunzi wake ambaye angeiamini. Fundi akaenda kuketi pembeni yake, akamshika kichwa kama mtu anayemshika mtoto mwenye homa. Mwanajeshi alisimama wima miguuni mwa kitanda chake, hajui afanye nini, mwishowe akaleta foronya safi ili mwalimu apangusie machozi.

Kwanini naye alikuwa analia kwenye korido, na huku analia alikuwa anaona kabisa kamera ingekaa wapi. Alijichukia kidogo kwa hilo. Kisha akajisamehe, maana ndiyo kazi yake.

Baada ya kama nusu saa mwalimu akatoka mlangoni, macho mekundu, miwani imekaa upande. "Yuko wapi yule mrefu mwenye kamera?"

"Nje, mwalimu. Ulisema asiingie."

"Sasa nasema aingie. Kulia sitalia tena, hilo limekwisha, lakini nina la kusema."

Mnara alikuja mbio hadi akagonga kichwa kwenye kizingiti. Mwalimu aliketi kando ya cherehani, kaka yake ubavuni, akatazama kamera kama anavyotazama darasa.

"Mimi ni dada yake," alisema. "Nilijua alipo. Nataka hilo lieleweke, kwa sababu najua kuna wenzangu wengi huko wanatazama, wanajua ndugu zao walipo, na wanatafuta kitu kwenye mkoba. Niliona aibu. Sikuwa na sababu nyingine. Aibu tu. Naomba radhi kwake, na ninyi msingoje kama nilivyongoja mimi."

Dada yake alisema habari ya gauni iwekwe, na Fundi akakubali. Aliomba tu idadi ya vipande isitajwe, watu wasije wakadhani ametia chumvi. Dada yake akakataa: arobaini na moja ilikuwa arobaini na moja.

Filamu ilitoka Jumapili alasiri. Ilikuwa na vicheko kumi na saba. Mkuu wa vipindi alivihesabu. Dakika mbili baada ya kwisha, simu ya Kwanini ililia, na ilikuwa mama yake.

"Mwanangu, yule fundi ana mke?"

"Mama!"

"Nauliza tu. Nina shoga yangu mjane, mcheshi, anapenda mtu wa kazi za mikono. Wewe si ndiye wa kwa nini kwa nini, na mimi siku moja niulize."

Jumatatu simu ya hospitali haikupumzika. Katika miezi miwili familia kumi na tatu zilikuja. Baba mmoja alifika akiwa amevaa suti, akasimama getini tangu saa moja asubuhi akiogopa kuingia, mpaka mlinzi akamshika mkono. Karani aliitwa kwenye usaili na ofisi mbili kwa mpigo, akachagua ile yenye bosi aliyemjibu barua kwa mwandiko mzuri. Si yote yaliyokwenda sawa. Mtu mmoja alirudishwa na kaka yake baada ya siku kumi, akaachwa getini kama mzigo; alipoingia wodini alimwambia sista, "Nimerudi nipumzike, wagonjwa wako kule." Wodi ilibaki na watu ishirini na mmoja, na Kwanini aliwaambia ukweli, kwamba filamu moja haiwezi kufungua milango yote, na kwamba yeye ataendelea kuja. Akaendelea. Kila Alhamisi aliketi na mmoja wao, wakatafuta ndugu kwa simu.

Fundi alihamia chumba cha uani kwa dada yake. Wiki ya kwanza shemeji yake, mhasibu mwoga, alificha mikasi yote ya nyumba na visu pia, wakawa wanamenya machungwa kwa kucha. Siku ya nne Fundi akasema mezani, kwa upole, "Shemeji, mimi sina neno, lakini huu mkate tunauuma kwa zamu?" Mwalimu alicheka hadi akatoka nje. Visu vikarudi jioni hiyo hiyo, na mikasi kesho yake, na keshokutwa shemeji mwenyewe akaleta suruali tatu za kupunguzwa.

Jumamosi moja Kwanini na Mnara walipita kuwasalimia. Waliwakuta wanaume wawili uani, wameinamia ubao wa drafti wa vizibo vya soda. Shemeji alikuwa ametoa jasho.

"Karibuni, karibuni," alisema bila kugeuka. "Nisameheni sisimami. Nikigeuza kichwa huyu anakula kete mbili."

"Tatu," Fundi alisema, akazila.

"Umeona? Wiki sita mfululizo! Dada, wewe ndiye uliyemleta mtu huyu. Nisaidie basi, kwa nini hashindwi?"

Kwanini akavuta kigoda, akaketi. Kwa mara ya kwanza katika maisha yake alisema hajui. Mnara alikuwa ameshainama upande wa shemeji, anamnong'oneza njia ya kutoka, na kutoka jikoni mwalimu aliwapigia kelele wote wanne kwamba chai iko tayari na hatarudia mara ya pili.